Tumbusi Ukutani, Nguruwe Langoni mwa Bunge

Jumanne ya Mei 14, 2013, nguruwe mmoja mkubwa na watoto wake walifikishwa kwenye lango la Bunge jijini Nairobi. Waliowaleta walimwaga damu barabarani, na wanyama hao, kwa kuwa hawajui itifaki, wakaanza kuilamba mbele ya kamera za televisheni. Waandamanaji walikuwa wameshawabatiza wabunge jina: MPigs.

Bunge lile lilikuwa changa. Uchaguzi ulifanyika Machi 4, na hata viti havijapata joto waheshimiwa walikuwa wameanza kudai nyongeza. Tume ya Mishahara na Marupurupu, SRC, ilikuwa imeshusha mshahara wao kutoka takriban Sh851,000 kwa mwezi hadi Sh532,500, nao wakashikilia kwamba hiyo ni dharau. Hoja za kisheria za pande zote mbili zilijaza kurasa za magazeti kwa majuma kadhaa, na wasomaji wengi wakazipita kwenda kwenye michezo. Nguruwe hawakuhitaji hoja. Aliyepita pale akienda kazini, aliyeona picha jioni kwenye runinga ya kibandani, hata mtoto asiyejua SRC ni nini, wote walielewa mara moja.

Polisi walifyatua vitoa machozi, wakaleta magari ya kumwaga maji, wakawatia mbaroni watu 17, akiwemo kinara wao, Boniface Mwangi, mpigapicha wa habari aliyegeuka mwanaharakati. Walipofikishwa kortini, miongoni mwa mashtaka palikuwa na la kuwatendea wanyama ukatili. Dola yenye mizinga na ndege za kivita ikajikuta ikitetea haki za nguruwe.

Jaribu kuwa yule afisa wa zamu. Umefunzwa kukabiliana na mawe, na kwa mawe una jibu: ngao, rungu, risasi ya mpira, na taarifa kwa vyombo vya habari kuhusu wahuni waliolipwa. Sasa mbele yako kuna nguruwe. Ukimwacha, anaendelea kuwatukana wabunge kwa kula tu. Ukimkimbiza, umekuwa sehemu ya mchezo na kesho uko ukurasa wa kwanza. Wanaosomea upinzani wa amani wameuchunguza mtego huu kwa kina, na mfano wanaoupenda unatoka Serbia, ambako mwishoni mwa miaka ya 1990 vijana wa vuguvugu la Otpor waliweka pipa lenye sura ya Slobodan Milošević katika barabara yenye shughuli nyingi mjini Belgrade. Mpita njia aliruhusiwa kutumbukiza sarafu na kuipiga sura hiyo kwa gongo. Waandalizi wakajiondokea. Polisi walipofika hawakumpata mtu wa kumshika, wakalikamata pipa.

Nairobi haikungoja kufundishwa na Belgrade, na Kampala nayo haikukawia. Mnamo Juni 2014, wanaharakati wawili wa Uganda waliwapenyeza nguruwe wawili waliopakwa rangi ya manjano, rangi ya chama tawala, hadi ndani ya uwanja wa Bunge lao. Nao pia walikamatwa, na kwa siku kadhaa mjadala wa Uganda ukawa ni vipi nguruwe amepita ulinzi ambao mwananchi wa kawaida hapiti bila kupekuliwa mara mbili.

Sikubaliani na kila kitu cha siku ile ya Nairobi. Kwa Mwislamu wa Majengo au Msabato wa Kisii, ambao pengine walikereka na mishahara hiyo kuliko waandamanaji wenyewe, nguruwe na damu ni vitu viwili vya kugeuzia uso. Mzaha unaomfanya mwenzako afumbe macho umepunguza jeshi lako. Ilivyo, wabunge walikubali kiwango cha SRC mwezi uliofuata, kisha wakapewa kila mmoja ruzuku ya Sh5 milioni ya kununua gari. Nguruwe walishinda raundi ya kwanza.

Lakini ukitaka kujua kazi hii ilivyoanza kuiva, usianze na nguruwe. Anza na ukuta.

Mwangi alikuwa mpigapicha wa gazeti la The Standard wakati Kenya ilipolipuka baada ya uchaguzi wa Desemba 2007. Zaidi ya watu 1,100 waliuawa na mamia ya maelfu wakahama makwao. Picha alizopiga zilimpa tuzo ya bara zima na, kwa maelezo yake mwenyewe, ndoto mbaya zisizokwisha. Mwaka 2009 alizitundika mitaani, maonyesho ya kuzunguka mji kwa mji yaliyoitwa Picha Mtaani, ili watu wajione walichotendana. Mwaka huohuo, sherehe za Madaraka zikiendelea katika Uwanja wa Nyayo, alisimama akampigia kelele Rais Mwai Kibaki, akakamatwa. Hapo alijifunza jambo ambalo wengi wanaopaza sauti hujifunza wakiwa selo: sauti ya mtu mmoja hunyamazishwa kwa dakika mbili.

Ukuta haunyamazishwi upesi hivyo. Mapema mwaka 2012, ikiwa imebaki takriban mwaka mmoja kufikia uchaguzi, wakazi wa Nairobi waliamka wakakuta katikati ya mji, kandokando ya barabara ya Muindi Mbingu karibu na Soko la Jiji, mchoro mkubwa uliofanywa usiku. Kiumbe mwenye kichwa cha tumbusi na suti ya mwanasiasa ameketi kitini kwa raha zake, anacheka. Pembeni paliorodheshwa dhuluma za tangu uhuru. Wachoraji, waliofanya kazi na Mwangi, walikuwa vijana wanaojulikana kwa majina ya mtaani, miongoni mwao Swift9, Bankslave na Smokillah, mafundi wa makopo ya rangi ya kupuliza ambao kabla ya hapo ungeona kazi zao zaidi kwenye mabodi ya matatu.

Uchaguzi wa ndege ulikuwa wa akili. Simba angempa mwanasiasa sifa. Fisi ametumika katika hadithi hadi amechakaa. Tumbusi haui. Anangoja wengine waue, kisha anashuka kula, na hachagui mzoga wa kabila gani. Kwa nchi iliyokuwa imetoka kuchinjana huku vigogo wakinywa chai pamoja, hilo lilikuwa shtaka kamili lisilotaja jina la mtu, na kwa hiyo hakuna aliyeweza kwenda mahakamani kudai fidia ya kuchafuliwa jina. Ambaye angelalamika angekuwa amekiri kwamba suti ile ni yake.

Kilichonivutia zaidi ni kwamba mchoro ule haukumsaza mpigakura. Tumbusi alikuwa na maneno yake: kwamba anaiba kodi na kunyakua ardhi, watu wanapigana kwa ajili yake, na bado wajinga watampa kura. Upo mzaha wa kisiasa unaowafanya wanyonge wajione watakatifu na wakubwa waonekane mashetani, nao huo ni rahisi kuuza. Huu ulimgeuzia mpita njia kioo. Watu walisimama, wakacheka, halafu kicheko kikawakwama. Baadhi ya michoro hiyo ilipakwa rangi ikafutwa, lakini kufikia hapo ilikuwa imeshapigwa picha na kusambaa kupita uwezo wa brashi yoyote ya baraza la jiji.

Huko Kibera, wakati nyumba bado zinafuka moshi mwaka 2008, mchoraji aitwaye Solo 7 alikuwa ameshazunguka na rangi akiandika kwenye kuta, mabati na milango maneno ya kuwasihi Wakenya wadumishe amani. Hakuwa na ufadhili wala mpango mkubwa. Alikuwa na mkebe na brashi. Ukiyaweka maandishi yake kando ya tumbusi wa Muindi Mbingu unaona jinsi kuta za mji mmoja zilivyosafiri katika miaka minne, kutoka kuomba hadi kushtaki.

Kuanzia hapo kundi la Mwangi, likiwa na makao katika ukumbi wa sanaa wa PAWA254, liligeuza barabara jukwaa. Juni 2012 walibeba majeneza 49 meusi hadi Bungeni, moja kwa kila mwaka tangu uhuru, kuuzika utawala wa tumbusi. Januari 2013 wakateketeza majeneza zaidi ya 200 mbele ya Bunge hilohilo, baada ya wabunge waliokuwa wakimaliza muhula kujipangia kiinua mgongo kinono. Februari 2014 walikuja na wanasesere na nepi, wakidai nchi imelelewa kitoto na inapaswa kukua. Hilo la nepi, kwa maoni yangu, lilikuwa dhaifu. Mzaha ukihitaji msemaji wa kuufafanua umeshakufa, na siku ile wasemaji walikuwa na kazi nyingi kuliko wanasesere.

Wapo wanaosema mambo haya ni ya kuiga ughaibuni, michezo ya vijana wanaofadhiliwa na balozi. Laiti wangekuwa na kumbukumbu ndefu kidogo. Mwishoni mwa karne ya 19 na mwanzoni mwa ile iliyofuata, vijana wa Lamu na Mombasa walianzisha ngoma za beni: matarumbeta, gwaride, sare za kijeshi za kushona wenyewe, na vyeo vya kila namna, wafalme na majenerali wasio na kikosi. Makundi ya Marini na Arinoti yakaenea Tanganyika nzima kufuatia Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia. Mwanahistoria Terence Ranger aliandika kitabu kizima kuhusu ngoma hizi, kwa sababu swali lake si jepesi: je, walikuwa wanawaenzi Wazungu au wanawacheka? Maafisa wa kikoloni nao waliumiza vichwa kwa swali hilo. Ni vigumu kumkamata mtu kwa kosa la kupiga saluti vizuri kupita kiasi. Na kwa wanaokulia Pwani, ambako neno kali hufungwa katika fumbo la kanga na mhusika akajijua bila kutajwa, tumbusi asiye na jina hakuwa mgeni hata kidogo.

Zama za Daniel arap Moi zilikuwa na beni yao. Wahome Mutahi, aliyewachekesha Wakenya kila Jumapili kupitia safu yake ya Whispers, alitupwa gerezani mwaka 1986 katika msako dhidi ya Mwakenya, vuguvugu la siri la wapinzani. Alipotoka hakunyamaza. Baadaye alipeleka michezo ya kuigiza katika baa, mahali ambapo mlevi na mpelelezi hukaa meza moja, na hadhira ikacheka ikitazama mlangoni. Miaka ya mwisho ya utawala huo wakaja wachekeshaji wa Redykyulass: John Kiarie, Walter Mong'are na Tony Njuguna. Mong'are, au Nyambane, alimwigiza Moi kwa sauti na mkao hadi nchi nzima ikawa inamwigiza Nyambane anayemwigiza Moi. Kizazi kilichokuwa kimeambiwa kwamba hata kuota kifo cha rais ni uhaini kilikaa sebuleni kikicheka. Mwaka 2009 akafuata mchora vibonzo wa gazeti la Nation, Gado, aliyezaliwa Dar es Salaam kwa jina la Godfrey Mwampembwa, na kipindi chake cha vikaragosi vya mpira, XYZ Show, alichokipatia wazo kutoka Ufaransa.

Na hapa kuna kipande cha hadithi ambacho wasanii hawapendi kukisimulia. John Kiarie alichaguliwa mbunge wa Dagoretti Kusini mwaka 2017, na mwaka 2022 akarudi kwa tiketi ya chama kilichoingia madarakani. Juni 2024, vijana walipofurika mitaani kupinga Mswada wa Fedha, yeye alisimama Bungeni akadai kwamba baadhi ya picha za umati zilizokuwa zikisambazwa hazikupigwa Kenya. Wenye picha walimjibu kwa vichekesho, na vilikuwa vizuri kuliko vyote alivyowahi kuandika. Mwangi naye aliwania ubunge wa Starehe mwaka huohuo wa 2017, akaangushwa na mwanamuziki, Jaguar. Sioni ajabu mchekeshaji kuingia siasa. Ninachosema ni kwamba kipaji cha kuchekesha hakina itikadi. Kinaweza kuketi upande wowote wa meza, na serikali nyingi zina bajeti ya kukikaribisha.

Kuna njia nyingine ya kuua mzaha, nayo ni mtawala kuucheka kwa sauti kuliko wewe. Wakenya walimpachika Rais William Ruto jina la Zakayo, yule mtoza ushuru mfupi wa Injili ya Luka aliyepanda mkuyu. Lilimkaa kama suti ya kupimwa na fundi, kwa kuwa linatoka katika kitabu anachokinukuu mwenyewe kila Jumapili. Jina lilisambaa pamoja na wito kwamba ashuke mtini. Kisha Ruto akaanza kulitania mwenyewe hadharani. Baadaye likaja la Kasongo, kutoka wimbo wa zamani wa Orchestra Super Mazembe, nalo akalipokea akicheka. Mwanasiasa hodari hujua kwamba jina la utani ukilivaa linaacha kuchoma. Kodi zenyewe haziondoki kwa rais kucheka.

Kilichofanya Juni 2024 iwe tofauti ni kwamba utani haukubaki kwenye simu. Juni 18 na siku zilizofuata, vijana waliingia katikati ya Nairobi na miji mingine wakiwa na bendera, chupa za maji na mabango yaliyoandikwa kwa mkono, mengi ya kuchekesha, mengine ya kujicheka wenyewe: wasio na kazi, wasio na wachumba, wanaolipa ushuru wa mkate. Hawakuwa na kiongozi wa kununuliwa wala jukwaa la kung'olewa. Mzaha ulifanya kazi ambayo hotuba isingeweza. Uliwaondolea woga watu ambao hawajawahi kuandamana maishani, kwa kuwa kwenda mahali ambapo watu wanacheka ni rahisi kuliko kwenda mahali ambapo watu wanakunja ngumi. Kifungu cha 37 cha Katiba ya 2010 kinampa kila mtu haki ya kuandamana kwa amani bila silaha, na kwa siku kadhaa kifungu hicho kilitembea kwa miguu barabara ya Kenyatta.

Juni 25 umati uliingia Bungeni, na risasi zikafyatuliwa. Kesho yake Ruto alitangaza hatautia sahihi mswada ule. Tume ya Taifa ya Haki za Binadamu ya Kenya, KNCHR, ilihesabu vifo visivyopungua 60 katika miezi ya maandamano yale. Nayasema haya ili asije mtu akadhani vichekesho ni ngao. Bango la kuchekesha halizuii risasi. Linaweza tu kumwacha aliyefyatua bila kisingizio, na hilo ni faida kwa wanaobaki hai.

Wasichana wa shule ya Butere walikuja kuonyesha jinsi kisingizio kinavyotafutwa kwa udi na uvumba. Mchezo wao, Echoes of War, ulioandikwa na aliyekuwa seneta wa Kakamega, Cleophas Malala, ulihusu ufalme wa kubuni na vijana waliochoka na uongozi wake. Ulizuiwa kufika tamasha la kitaifa la maigizo, Mahakama Kuu ikaamuru uruhusiwe. Aprili 10, 2025 huko Nakuru, mwandishi wao akiwa mikononi mwa polisi na vitoa machozi vikifyatuliwa nje ya shule, wanafunzi hao waliletwa wacheze bila mwalimu wao wala watazamaji. Waliimba wimbo wa taifa wakaondoka. Kwa miaka mingi tamasha la maigizo la shule lilikuwa habari ya ukurasa wa ndani. Juma lile hapakuwa na kitu kingine cha kuzungumza kuanzia matatu hadi kanisani.

Miezi michache kabla, mchoraji kijana aliyejulikana mtandaoni kama Kibet Bull alikuwa amepata umaarufu kwa vivuli. Hakuchora uso. Alichora umbo jeusi tu, kofia, tumbo, mwendo, mkono ulioinuliwa, na mtazamaji akamalizia mwenyewe. Ni ufundi uleule wa tumbusi: asiyetajwa ndiye anayejulikana zaidi. Desemba 24, 2024, alitoweka Nairobi, siku chache baada ya ndugu yake kuchukuliwa. Polisi walikana kuhusika. Waandamanaji waliingia mitaani wakidai waliotekwa waachiliwe, KNCHR ikasema imerekodi visa 82 vya watu kutekwa tangu Juni, na Januari 6, 2025 Kibet na wenzake kadhaa wakaachiwa, kila mmoja mahali pake, yeye akitupwa Luanda katika Kaunti ya Vihiga, mamia ya kilomita kutoka alikochukuliwa.

Hapo ndipo unaweza kupima mchoro umefika wapi. Ukipakwa rangi juu, umekera. Ukichekwa na mkubwa mwenyewe, huenda umeshindwa. Ukisababisha gari lisilo na namba limfuate mchoraji, umegusa mfupa. Si kipimo ambacho ningemtakia msanii yeyote, na ninaona aibu kidogo kukitumia, lakini kwa miaka kadhaa sasa ndicho ambacho dola zenyewe za kanda hii zimetupa.

Tanzania inacho kisa kinachoonyesha jambo hili bila damu, na kwa sababu hiyo kinachekesha kuliko vyote. Oktoba 2019 mchekeshaji Idris Sultan alibadilishana sura na Rais John Magufuli katika picha za kuunganisha, siku ya kuzaliwa ya rais, na mkuu wa mkoa wa Dar es Salaam akamtaka ajisalimishe polisi. Mei 2020 akakamatwa tena. Safari hii hakuchora wala hakutunga chochote. Alijirekodi akiitazama picha ya zamani ya Magufuli akiwa amevaa suti iliyompwaya, akacheka. Hakusema neno la matusi. Alicheka, basi, kicheko cha mtu aliyezidiwa. Alikaa mahabusu siku kadhaa huku waendesha mashtaka wakipekua vitabu vya sheria. Alipofikishwa Mahakama ya Kisutu, kosa alilosomewa lilihusu kadi ya simu iliyosajiliwa kwa jina la mtu mwingine.